Kodi ya Marehemu

Julai 1922 Gavana Edward Northey alikuja Nyahera, mwendo mfupi kutoka hapa Mamboleo, kuwasikiliza watu waliokuwa wameanza kumsumbua. Miezi michache kabla, Desemba 1921, umati mkubwa ulikuwa umekusanyika Lundha kule Gem, katika mkutano ambao huku kwetu unakumbukwa kwa jina la Piny Owacho, yaani nchi imesema. Kutokana na mkutano huo walimu na wasomi wa misheni, kina Jonathan Okwiri, walianzisha Young Kavirondo Association. Malalamiko yao yanajulikana na kila mtoto aliyesoma historia ya Kenya: kipande, kambi za kazi, kodi iliyopanda hadi shilingi 16. Northey alipunguza kodi ikawa shilingi 12, watu wakarudi nyumbani, na mwaka uliofuata Arkidiakoni Owen wa CMS akaligeuza lile kundi kuwa chama cha walipa kodi, Kavirondo Taxpayers' Welfare Association, akiwa na nia ya kupunguza makali yake.

Lakini kuna ombi moja la kina Okwiri ambalo vitabu vya shule hulipita mbio. Pamoja na kodi ipunguzwe, waliomba hati za mashamba. Hilo hawakupewa. Mimi naona watu wale walikuwa wameng'amua jambo ambalo mawakili wa mjini Kisumu wanalilia mpaka leo: serikali ikijua kukutoza kwa sababu ya mahali unapokaa, bila kukiri kwamba mahali hapo ni pako, basi siku utakapokosa kulipa, au siku utakapokufa, hakuna ajuaye nani atasimama kukutetea.

Kodi ya kwanza haikumhesabu mtu. Ilihesabu nyumba. Reli ilifika ziwani Desemba 1901, stesheni ikaitwa Port Florence, na tarehe 1 Aprili 1902 eneo lote hili likahamishwa kutoka Uganda kuingia Protektoreti ya Afrika Mashariki. Kodi ya nyumba ikaja nyuma yake, rupia mbili, kisha tatu. Mwenye wake watatu alilipia nyumba tatu, maana kila mke wa Mjaluo ana nyumba yake katika dala. Vijana wasio na nyumba wakaponyoka hadi 1910, ilipotungwa sheria ya kodi ya kichwa kuwanasa nao.

Sasa fikiria mwenye dala akifa. Nyumba za wake zake hazifi naye. Bado zina paa, na karani wa kodi alikuwa akihesabu mapaa. Kwa hiyo kodi ilibaki pale pale, ikamtafuta aliye hai: mjane mwenyewe, au mtoto wake wa kiume, au ndugu wa mume aliyemchukua kwa desturi ya tero. Watu wa mila husimulia tero kama jambo la damu na uzao. Ni kweli. Lakini tangu 1902 lilikuwa pia swali la nani atatoa rupia tatu. Mbuzi wangapi walitoka katika maboma ya wajane wa Kajulu kwa sababu hiyo, hakuna daftari litakalotuambia.

Na wakati huohuo ardhi yenyewe haikuwa yao kisheria. Katika miaka hiyohiyo ya Piny Owacho, Jaji Mkuu Barth aliamua katika kesi ya Isaka Wainaina dhidi ya Murito kwamba kutokana na sheria ya ardhi ya 1915, Waafrika wa hifadhi walikuwa wapangaji wa Mfalme kwa hisani yake tu. Mpangaji anayelipa kodi ya nyumba aliyoijenga mwenyewe juu ya kaburi la babu yake. Miaka kumi baadaye, dhahabu ilipopatikana Kakamega, kwenye barabara hii hii inayopita Mamboleo, serikali ilibadilisha sheria yake ya mwaka 1930 mwishoni mwa 1932 ili iweze kuchukua ardhi ya hifadhi bila kwanza kuuliza wenyewe na bila kuwapa ardhi nyingine. Sheria iliyokuwa imeahidi kwamba ardhi hiyo ni ya wenyeji milele ilidumu miaka miwili.

Hati ambazo kina Okwiri waliziomba zilikuja hatimaye, zikiwa zimechelewa, na zikiwa na umbo ambalo hawakuliomba. Mpango wa Swynnerton wa 1954 ulitaka kila shamba liwe na mpaka mmoja na mwenye mmoja. Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya 1963 ikaweka jina moja katika rejista na kumfanya mtu huyo kuwa mwenye mali kamili. Usajili wa kwanza ulilindwa kiasi kwamba hata ukithibitisha udanganyifu, mahakama haikuruhusiwa kuurekebisha. Huku kwetu maofisa walipopita wakipima, kila familia ilimpeleka mtu wa kuandikwa. Kwa kawaida alikuwa mkubwa wa boma, au yule aliyejua kusoma, au yule aliyekuwa nyumbani siku hiyo. Wengine walikuwa Mombasa bandarini, wengine Kericho kwenye majani chai. Ndugu waliamini wameandikisha ardhi ya ukoo. Rejista iliamini imeandikisha mali ya mtu mmoja. Imani hizo mbili zimekaa pamoja bila kugombana kwa miaka hamsini kwa sababu tu hakuna aliyelazimika kuifungua rejista.

Kinacholazimisha kuifungua ni kodi.

Mapema miaka ya 1970 mipaka ya manispaa ya Kisumu ilisukumwa nje ikameza Kajulu, Kolwa na vijiji vingine vya pembeni. Mtu alilala mkulima akaamka mkazi wa mji, na ng'ombe wake wakaamka wakiwa ndani ya manispaa. Kwa muda mrefu hilo halikuwa na uzito. Baraza lilishughulika na mji wa katikati, na ploti zile za mkataba wa miaka 99 ambazo nyingi zilikuwa za Wahindi. Milimani tuliachwa na mtama wetu. Lakini ardhi iliyo ndani ya mpaka inaweza kuingizwa katika orodha ya uthamini siku yoyote, na ikishaingizwa, saa inaanza kuhesabu. Mamboleo ya leo si ile. Uwanja wa maonyesho ya kilimo umezaa uwanja wa mpira, ule uliobeba sherehe za Madaraka 2021, barabara ya kwenda Kakamega imepanuliwa, na kona ya kuelekea Miwani ambapo zamani palikuwa na akina mama wachache wa nyanya na omena, sasa robo ekari inaulizwa bei na watu wanaoshuka kwa magari ya vioo vyeusi.

Nieleze kidogo, maana watu huchanganya. Kuna kodi ya pango la ardhi, ambayo mwenye ploti ya mkataba humlipa serikali kuu. Na kuna ile watu wa mjini huiita reti, ambayo hulipwa kaunti kwa kila ardhi iliyo katika orodha ya uthamini, iwe ya mkataba au ya kumiliki daima. Katiba ya 2010 iliithibitisha hiyo ya pili kuwa haki ya kaunti. Ninayoizungumzia hapa ni reti. Sheria yake ya zamani, Sura ya 267, ilimtaka mdai atume kwanza barua ya kudai, halafu aende mahakama ya hakimu. Akishinda, na deni lisipolipwa, ardhi yenyewe inaweza kuishia chini ya nyundo ya dalali. Sheria mpya ya taifa ya mwaka 2024 imechukua nafasi ya ile, lakini msingi haujahama: deni la reti limeshikamana na udongo, halimfuati mtu kaburini.

Kushikamana huku ndiko kunakowashangaza warithi. Kifungu cha 28 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinataja mambo yanayoifunga ardhi hata kama hayakuandikwa popote katika rejista. Reti zisizolipwa zimo. Unaweza kupekua rejista ukaletewa karatasi safi isiyo na rehani wala zuio, na bado ardhi ina deni la miaka ishirini. Wajaluo husema deni haliozi. Waliotunga kifungu hicho pengine hawakuwahi kusikia methali hiyo, lakini waliiandika kuwa sheria.

Barua iliyokuja kwetu ilikuwa na jina la babu yangu. Babu alifariki 1989. Ilitoka ofisi moja mjini, ikamwita "Bwana", ikampa siku kumi na nne. Kiasi kilichoandikwa chini kilikuwa zaidi ya laki nne, sehemu kubwa ikiwa riba. Dani, mke wake wa mwisho aliyekuwa bado hai, alisomewa mara mbili kisha akauliza kama hiyo ofisi haina mtu wa kwenda matanga.

Watu hucheka wakisikia habari za barua kwa marehemu. Mimi nimekuja kuamini kwamba hapo ndipo penye kesi nzima. Mahakama za Kenya zimeshikilia mara kwa mara kwamba kesi iliyofunguliwa dhidi ya mtu ambaye tayari amekufa ni batili tangu mwanzo. Haiwezi kurekebishwa kwa kubadilisha jina, maana hakukuwa na mshtakiwa. Akifa kesi ikiwa inaendelea, mdai ana mwaka mmoja wa kumwingiza msimamizi wa mirathi, la sivyo kesi inazimika. Kwa hiyo hukumu ya reti iliyotolewa dhidi ya mzee aliyezikwa miaka kumi kabla, na mnada uliofanyika kwa hukumu hiyo, vimesimama juu ya hewa. Mrithi anayekuja na cheti cha kifo mkononi amebeba silaha nzito kuliko anavyojua.

Ila hawezi kuifyatua hivi hivi. Hapa sheria inageuka. Nani anasimama mahakamani kusema "mzee alikuwa amekufa"? Si mwanawe, kwa kuwa ni mwanawe tu. Katika kesi ya Trouistik Union ya 1993 Mahakama ya Rufaa ilisema haki za marehemu hudaiwa na aliyepewa barua za usimamizi wa mirathi, na asiye nazo hana la kusema. Na kabla ya hapo kulikuwa na kesi ambayo kila mtu wa Nyanza anaijua kwa sababu nyingine kabisa. Wakili S. M. Otieno alifariki Desemba 1986, mjane wake Wambui akataka kumzika karibu na Nairobi, ukoo wa Umira Kager ukataka azikwe Nyalgunga, na nchi nzima ikakaa redioni hadi Mei 1987 ukoo uliposhinda. Sisi tunaikumbuka kwa maiti. Mawakili wanaikumbuka pia kwa sababu ilisema kwamba msimamizi wa mirathi hawezi kushtaki kama msimamizi kabla hajapata barua zake, na kesi atakayoifungua kabla ya hapo imeharibika toka siku ilipozaliwa. Ndiyo kusema kesi ileile inayotuambia nani atamzika mtu wetu inatuambia pia nani ataisemea ardhi yake. Majibu hayo mawili hayafanani. Ukoo unaweza kuzika. Ukoo hauwezi kushtaki.

Na barua za usimamizi zinataka nini? Barua ya chifu inayoorodhesha warithi wote. Cheti cha kifo, ambacho kwa waliokufa zamani nyumbani huwa hakipo. Sahihi za ndugu, wakiwemo yule aliye Dandora na yule ambaye hajaongea na mwenziwe tangu mazishi. Tangazo katika Gazeti Rasmi la Serikali na siku 30 za kungoja mwenye pingamizi. Katika muda wa mambo hayo dalali hakai. Mlango mdogo upo, ingawa wengi hawauoni: mahakama inaweza kumpa mtu kibali chenye mipaka, cha kuendesha kesi tu au cha kuhifadhi mali isiharibike, bila kungoja mgao. Kwa familia iliyopata habari ya mnada Ijumaa, hicho ndicho cha kukimbilia Jumatatu. Sijui kwa nini machifu hawakitangazi barazani kama wanavyotangaza chanjo ya ng'ombe.

Kwa haki, niseme kwamba minada ya reti yenyewe si mingi kama uvumi wake. Kaunti nyingi hupendelea kutangaza msamaha wa riba, watu wapange foleni walipe. Tishio la mnada ndilo linalofanya kazi kubwa, na kazi hiyo hufanyika ndani ya familia.

Baba mdogo alikuja siku ya tatu baada ya barua. Alikuwa tayari amempata mnunuzi wa ile sehemu inayogusa barabara.

"Tukate robo tu," alisema. "Tulipe deni, tubaki na pesa ya kufanyia saksesheni. Ama mnataka shamba lote liende?"

Waya, dada mkubwa wa baba yangu, alikuwa akichambua mboga. Hakuinua kichwa.

"Utasaini kama nani?"

"Kama mtoto wa mzee."

"Mimi pia ni mtoto wa mzee. Mbona hukuniuliza?"

"Waya wao," akasema akitugeukia sisi vijana, kana kwamba sisi ndio tulioleta shida, "wewe uliolewa Seme."

Niliwasikiliza nikijua kwamba sheria, kwa mara moja, iko upande wa waya katika kila neno. Sheria ya Urithi iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 1981 inasema hakuna anayeruhusiwa kugusa mali ya marehemu bila idhini, na akiigusa ni kosa la jinai: faini ya hadi shilingi elfu kumi, au kifungo cha hadi mwaka mmoja, au vyote viwili. Hata msimamizi aliyepewa barua halali haruhusiwi kuuza shamba kabla barua hizo hazijathibitishwa na mahakama. Sheria haijali nia. Anayekata robo ekari ili kuiokoa nyingine na dalali, na anayekata robo ekari ili kunywea, wote wamevuka uzio uleule. Na kuhusu kuolewa Seme, watoto wa marehemu aliyekufa bila wosia ni sawa mbele ya sheria hiyo, na mzee aliyekuwa na wake kadhaa mali yake hugawanywa kwa nyumba kulingana na idadi ya watoto, kila mjane aliye hai akihesabiwa kama mmoja zaidi. Mahakama ya Rufaa ilitilia nguvu usawa huo wa mabinti katika kesi ya Rono mwaka 2005. Kumbe hesabu ya nyumba haikuisha na rupia.

Mauzo ya namna ya baba mdogo ndiyo yaliyojaa Mamboleo. Ukipita kuanzia kona ya Miwani ukipanda kuelekea milimani utaona maghorofa ya kupangisha ambayo mwenye nyumba ana karatasi ya makubaliano iliyoandikwa na mtoto mmoja wa marehemu, mashahidi wawili, na sahihi ya mzee wa kijiji. Sababu iliyotajwa katika karatasi hizo mara nyingi ni matanga, karo ya shule, hospitali au reti. Miaka inapita, mjukuu anasoma, anafungua rejista, anakuta jina bado ni la babu. Anaenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi pale Kisumu. Mnunuzi naye anasema alinunua kwa nia njema, amejenga, amelipa na hizo reti zenyewe kwa miaka kumi na mmoja. Ana hoja ya kibinadamu na mimi simdharau. Wengi wao ni walimu na wauguzi waliokopa kwenye sacco. Lakini Mahakama ya Juu, katika kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa ya Aprili 2023 kuhusu kiwanja cha Nyali, ilisema hati pekee haitoshi. Ukiulizwa, lazima uonyeshe mzizi wake ulikuwa halali, hata kama wewe mwenyewe huna hatia. Ikiwa mwenye hati kamili anaambiwa hivyo, mwenye makubaliano ya mezani ataambiwa nini? Kinachoweza kumwokoa ni kalenda. Madai ya kurudisha ardhi yana ukomo wa miaka 12, na mjukuu aliyelala kupita hapo itambidi aonyeshe udanganyifu uliomficha ukweli, au abaki akilaumu wazee.

Nimesoma jinsi mambo haya yanavyoamuliwa Marekani, nchi ambako kuuza nyumba ya mtu kwa ajili ya kodi ni shughuli ya kila mwaka, ina siku yake na wanunuzi wake. Bwana Gary Jones wa Little Rock, Arkansas, alimaliza kulipia nyumba yake baada ya miaka 30, kisha kodi ya nyumba ikasahaulika kwa kuwa zamani benki ndiyo iliyokuwa ikiilipa. Jimbo likamtumia barua ya rejista. Ikarudi, haikuchukuliwa. Likatuma nyingine, nayo ikarudi. Nyumba yenye thamani ya dola 80,000 ikauzwa kwa dola 21,042. Mwaka 2006 Mahakama ya Juu kule ilisema serikali inayojua kwamba barua yake imerudi haiwezi kukunja mikono. Ni lazima ijaribu njia nyingine, hata kubandika karatasi mlangoni. Na mwaka 2023 ikaamua kesi ya Bi Geraldine Tyler, ajuza wa miaka 94 wa Minneapolis, aliyekuwa na deni la dola 15,000. Kaunti ya Hennepin iliuza nyumba yake kwa dola 40,000 ikabaki na zote. Majaji wote tisa walisema zile 25,000 zilizozidi ni mali ya bibi.

Napenda kesi hizo mbili, lakini hazitufikii kabisa. Jones na Tyler walikuwa hai, na majina yao ndiyo yaliyokuwa kwenye hati. Ndugu zetu wa kweli katika jambo hili ni wale weusi wa pwani ya South Carolina na Georgia, wazao wa watumwa, wanaokaa kwenye ardhi aliyoinunua babu wa babu baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, bila wosia, bila kuandika upya jina. Hoteli na viwanja vya gofu vikaja, thamani ikapanda, kodi ikapanda nayo, na ardhi ya familia nzima ikawa inaweza kwenda kwa sababu binamu mmoja aliye Chicago hakutuma mchango wake. Mtu wa Kajulu akisimuliwa hayo hahitaji mkalimani.

Tanzania wamepita njia nyingine. Tangu 2021 kodi ya majengo hukatwa katika umeme wa LUKU, shilingi 1,000 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, baadaye ikawa 1,500. Wapangaji walilalamika, na walikuwa na haki, kwamba wanalipia nyumba ya mtu mwingine. Lakini tazama kilichotokea: kodi ikarudi kwa aliye ndani ya nyumba usiku huo, anayewasha taa, kama ile ya mapaa. Deni halipati nafasi ya kulala kwa marehemu miaka thelathini likizaa riba. Sisemi tuige. Mtu anayekaa kizani kwa kuwa hana pesa ya tokeni naye ana nyumba.

Huku Nyanza kulikuwa na kinga nyingine, ya kimila, ambayo Parker Shipton ameiandikia kitabu kizima kuhusu Wajaluo na rehani kilichotoka 2009. Mkopeshaji akinadi shamba la mtu mwenye makaburi uani, nani atainua mkono? Akinunua, nani atamuuzia maziwa? Mnunuzi alikuta ardhi inalindwa na walio hai na waliolala. Kinga hiyo inafanya kazi pale ambapo mnunuzi ni jirani, anayewajua waliozikwa kwa majina. Mamboleo ya sasa mnunuzi anatoka mbali, anaona kaburi la saruji na kuuliza fundi gharama ya kulihamisha.

Ila kifungu kile cha 28, kilichobeba deni la reti kimyakimya, kimebeba kitu kingine mistari michache juu yake: amana, zikiwemo amana za kimila. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu katika kesi ya Kiebia na M'lintari ilithibitisha kwamba aliyeandikwa katika rejista anaweza kuwa anaishikia familia, na kwamba haki ya familia hiyo inaifunga ardhi hata isipoandikwa, mradi ithibitishwe kwamba ardhi ilikuwa ya ukoo na mdai ni wa ukoo huo. Kwa hiyo katika ukurasa mmoja wa sheria wamekaa wageni wawili wasioonekana, kaunti na ukoo, na rejista haimtaji hata mmoja. Sijaona hukumu iliyowaweka wawili hao uso kwa uso katika mnada wa reti na kusema nani aketi mbele. Itakuja. Kwa jinsi orodha za uthamini zinavyopanuka, haitachelewa.

Kwetu, baba mdogo alirudi kwa mnunuzi wake akiwa hana sahihi ya waya. Mnunuzi, kwa heshima yake, alisema bila huyo mama hanunui. Tulichanga cheti cha kifo: binamu aliye kwenye usajili alitueleza utaratibu wa kifo kilichochelewa kuandikishwa, chifu akaandika barua, na waya akasisitiza majina ya mabinti yatangulie, akisema wavulana wamezoea kutangulia na tumeona walikotufikisha. Tukapata kwanza kibali chenye mipaka. Tukaenda na hicho kwenye ile ofisi mjini, tukaonyesha kwamba Bwana waliyemwandikia hakuwahi kupokea barua yao na kwa nini. Walikubali kusimamisha madai yao hadi apatikane msimamizi, deni la msingi likabaki, riba tukaambiwa tuombe wakati wa msamaha.

Tangazo letu lilichapwa katika Gazeti Rasmi mwezi uliopita. Siku 30 zikiisha bila pingamizi, mpima ardhi atakuja kutenga nyumba nne za babu, na waya amekwisha kumwekea vijiti vinane vya rangi nyekundu. Vinne ni vya mipaka. Vinne ni vya makaburi, ambayo ametaka yabaki katika kipande kimoja kisicho na jina la mtu yeyote, na wakili amemwambia kwamba hata hicho kitalipiwa reti.